Namna ya kudai nafasi yako katika tange baada ya taasisi za serikali kuunganishwa

Serikali inapounganisha taasisi mbili, masuala ya majengo, magari na akaunti za benki humalizika ndani ya miezi michache, lakini suala la nani ametangulia kazini na nani anafuata linaweza kufukuta kwa miaka. Tange, yaani ile orodha inayowapanga watumishi wa kada moja na cheo kimoja kwa kufuata utangulizi wao, ilikuwa jambo la ndani ya kila taasisi, na kila mtu alikwisha kuizoea nafasi yake. Siku orodha mbili zinapofanywa moja, mtu aliyekuwa wa 3 anajikuta wa 11, na juu yake wamekaa watu ambao hajawahi kufanya nao kazi na ambao hajui walipandaje.

Tanzania ina mifano mingi ya miungano ya namna hii katika miaka ya karibuni. Mwaka 2018 mifuko ya hifadhi ya jamii ya PSPF, LAPF, GEPF na PPF iliunganishwa kuwa mfuko mmoja wa watumishi wa umma, PSSSF. Mwaka huohuo DAWASCO, shirika la majisafi la Dar es Salaam, iliingizwa ndani ya DAWASA, mamlaka ya maji ya jiji hilo. Mwaka 2019 sheria mpya ya maji iliunda RUWASA, wakala wa maji vijijini, ambayo ilipokea watumishi wa maji kutoka halmashauri pamoja na wale wa wakala wa uchimbaji visima na mabwawa. Na katika mwaka huohuo wa 2019 kazi ya kudhibiti usalama wa chakula iliondolewa TFDA, mamlaka ya chakula na dawa, na kupelekwa TBS, shirika la viwango. Desemba 2023 Serikali ilitangaza kwamba mashirika na taasisi 16 zitaunganishwa na 4 zitafutwa, na mwaka 2025 TIC, kituo cha uwekezaji, na EPZA, mamlaka ya maeneo ya uzalishaji kwa mauzo ya nje, zikawa taasisi moja, TISEZA. Sisemi kwamba kila mmoja wa miungano hiyo ulizaa mgogoro wa tange. Ninachosema ni kwamba mtumishi wa umma wa leo anapaswa kujua la kufanya kabla halijamfika, kwa sababu haki yake katika jambo hili hutegemea sana tarehe, na tarehe haziwasubiri waliochelewa kusoma barua.

Mwongozo huu unahusu Tanzania Bara. Zanzibar ina sheria yake ya utumishi wa umma, Na. 2 ya mwaka 2011, na ngazi zake za malalamiko, ingawa hoja za msingi nitakazozieleza zinaweza kutumika huko vilevile.

Kwanza, fahamu sheria iliyowaunganisha inasema nini na haisemi nini

Tafuta nakala ya sheria, amri au tangazo la Gazeti la Serikali lililounda taasisi mpya, uende moja kwa moja kwenye vifungu vya mpito, ambavyo aghalabu huwa mwishoni. Humo utakuta maneno yanayofanana katika sheria nyingi: kwamba watumishi wa taasisi ya zamani watahesabika kuwa watumishi wa taasisi mpya, na kwamba masharti yao ya ajira hayatakuwa duni kuliko yale waliyokuwa nayo. Maneno hayo yanalinda mshahara, likizo, michango ya hifadhi ya jamii na mwendelezo wa utumishi. Ukiyasoma kwa utulivu, hata hivyo, utaona kwamba kwa kawaida hayasemi lolote kuhusu nafasi yako katika orodha ya pamoja, na pengo hilo ndilo linalojazwa baadaye na afisa utumishi mmoja mwenye jedwali la kompyuta na muda mfupi wa kuwasilisha makadirio ya ikama, yaani idadi ya watumishi na nafasi za kazi zinazoombewa kibali.

Kwa hiyo swali lako la kwanza kwa mwajiri mpya lisiwe “kwa nini niko nafasi ya 11”, bali liwe “ni kigezo gani kilichotumika kupanga tange hii, kilipitishwa na nani, na kimeandikwa wapi”. Liulize kwa maandishi. Mwajiri asipokuwa na kigezo kilichoandikwa, umekwisha kupata hoja yako yenye nguvu kuliko zote, maana maamuzi yanayogusa haki za watu wengi yamefanywa bila kanuni inayojulikana. Akiwa nacho, mjadala unahama kutoka kwa watu kwenda kwenye kigezo, na hapo ndipo unapopaswa kubaki. Ni kosa kubwa kuanza kwa kumshambulia mwenzako aliyewekwa juu yako, kwa sababu yeye hakujiweka, na kesho mnaweza kuwa upande mmoja dhidi ya kigezo kibovu.

Vigezo vinavyogombana

Kuna njia nne ambazo waajiri hutumia, kwa kujua au kwa kutojua. Nitazieleza kwa mfano wa kubuni wa watumishi watatu, wote wakiwa na cheo cha Afisa Mwandamizi katika kada moja siku ya muungano.

Mtumishi wa kwanza ametoka Taasisi A. Aliajiriwa Julai 2007 kama Afisa Daraja la II, akawa Daraja la I Julai 2012, na alitarajia kuwa Mwandamizi Julai 2016. Juni 2016 Serikali ilisitisha upandishaji wa vyeo ili kufanya uhakiki wa watumishi, kwa hiyo alipata cheo chake Aprili 2018. Wa pili ametoka Taasisi B. Aliajiriwa Januari 2010, akapanda Januari 2013, akawa Mwandamizi Januari 2016, miezi michache kabla ya usitishaji. Wa tatu naye ni wa Taasisi B: aliajiriwa mwaka 2005 akiwa fundi mwenye stashahada, akaenda masomoni, akabadilishiwa kada mwaka 2011 na kuanza upya kama Afisa Daraja la II, kisha akafika Uandamizi mwaka 2019. Taasisi B ilikuwa na ngazi nono za mishahara, kwa hiyo wa pili na wa tatu wanamzidi wa kwanza kwa mshahara, na wa tatu, aliyebaki na mshahara binafsi aliotoka nao kwenye kada ya zamani na nyongeza zake, ndiye mwenye mshahara mkubwa kuliko wote.

Ukitumia tarehe ya ajira ya kwanza, mpangilio utakuwa wa tatu, wa kwanza, wa pili. Ukitumia tarehe ya kupata cheo cha sasa, utakuwa wa pili, wa kwanza, wa tatu, na ukitumia mshahara utakuwa wa tatu, wa pili, wa kwanza. Ukisema wote wanaanza siku moja, yaani siku taasisi mpya ilipozaliwa, watakuwa sawa, na utalazimika kuwatenganisha kwa umri au kwa herufi za majina. Watu ni walewale, vyeti vilevile, na jibu linabadilika kila unapobadilisha kigezo. Ndiyo maana nasema mtu hushinda au hushindwa ugomvi wa tange kwenye kigezo, kabla jina la mtu yeyote halijaandikwa.

Maoni yangu ni kwamba kigezo kinachostahimili kuhojiwa ni tarehe ya kupata cheo kinacholingana cha muundo, yaani cheo cha ngazi za kada kama zilivyopangwa katika muundo wa maendeleo ya utumishi, kwa sharti kwamba ulinganifu wa vyeo umefanywa kwanza. Tarehe ya ajira ya kwanza inavutia kwa sababu inaheshimu umri wa utumishi, lakini inachanganya miaka ya kada tofauti na kumpa mtu utangulizi katika kazi ambayo hakuwa akiifanya. Tarehe ya muungano ni njia ya uvivu, tena inafuta utumishi ambao kifungu cha mpito kimeahidi kwamba hautakatika. Kuhusu mshahara nitasema zaidi, maana ndiko waajiri wengi wanakojikwaa.

Mfumo wa mishahara unamwonyesha afisa utumishi ngazi na kiasi kwa kubofya mara moja, ilhali historia ya vyeo inamtaka aende masjala kufungua majalada ya karatasi. Kwa hiyo kishawishi cha kusema “mwenye ngazi ya juu ndiye mtangulizi” ni kikubwa. Lakini mshahara wa taasisi yenye mapato yake yenyewe haukupangwa kwa kulinganisha uzito wa kazi na taasisi nyingine. Ulipangwa kwa uwezo wa taasisi ile kulipa. Kumweka mtu chini kwa sababu taasisi yake ilikuwa inategemea ruzuku ya Hazina ni kumwadhibu kwa jambo ambalo hakuwa na mkono ndani yake.

Nchi nyingine zimepita hapa kabla yetu. India ilipopanga upya majimbo yake mwaka 1956, maelfu ya watumishi wa serikali za majimbo ya zamani walilazimika kuingizwa katika orodha mpya za pamoja, na makatibu wakuu wa majimbo waliokutana Mei mwaka huo walikubaliana kulinganisha vyeo kwa mambo manne: aina ya kazi na majukumu ya cheo, madaraka na wajibu wa anayekishika, sifa za chini za kuajiriwa katika cheo hicho, na mwisho mshahara. Mahakama ya Juu ya nchi hiyo iliyathibitisha mambo hayo katika mashauri yaliyofuata, na ikafafanua kwamba pale matatu ya kwanza yanapolingana, tofauti ya mshahara pekee haivunji ulinganifu. Maamuzi ya India hayazifungi mahakama zetu, lakini yanaweza kusikilizwa kama hoja ya kushawishi kwa kuwa mifumo yetu ya sheria ina asili moja, na mimi ningeyataja katika malalamiko yoyote yanayohusu ulinganifu wa vyeo.

Kuna kipimo kimoja rahisi ambacho kila mtumishi anaweza kukitumia mwenyewe. Chukua tange ya zamani ya taasisi yako, ile ya mwaka wa mwisho kabla ya muungano, uilinganishe na tange ya pamoja. Watu wa nyumba yenu wanaweza kuingiliwa katikati na watu wa nyumba ya pili, hilo ni la kawaida. Lakini mpangilio wenu wa ndani haupaswi kupinduka pasipo sababu iliyoandikwa. Ukikuta mtu wa taasisi yenu aliyekuwa chini yako kwa miaka mitano sasa yuko juu yako, ama tange ya zamani ilikuwa na kosa, ama ya sasa inalo.

Kusanya tarehe zako, na ujue zipi ni zipi

Hapa ndipo kazi yenyewe ilipo, na inafaa uitengee muda. Kila kupanda cheo kuna tarehe tatu: tarehe ambayo barua iliandikwa, tarehe ambayo barua inasema cheo kinaanza, na tarehe ambayo mshahara wako ulibadilishwa kwenye mfumo. Tarehe hizo zinaweza kuachana kwa zaidi ya mwaka, hasa pale bajeti ilipochelewa. Tange huharibika mara nyingi kwa sababu tarehe za Taasisi A zilichukuliwa kutoka kwenye barua na za Taasisi B zilichukuliwa kutoka kwenye mfumo. Inayopaswa kutumika ni tarehe ya kuanza kwa cheo kama ilivyoandikwa ndani ya barua, na itumike kwa wote. Ukiona kwamba wenzako wa upande wa pili wamehesabiwa kwa aina nyingine ya tarehe, hiyo ni hoja ambayo haihitaji wakili.

Weka pamoja barua ya ajira, barua ya kuthibitishwa kazini, kila barua ya kupandishwa cheo, barua ya kubadilishiwa kada kama ipo, barua za uhamisho, na barua iliyokujulisha kwamba sasa ni mtumishi wa taasisi mpya. Kwa kada za taaluma kama uhandisi na uhasibu ongeza cheti cha usajili wa bodi, kwa sababu muundo wa maendeleo ya utumishi unaweza kuwa umekifanya kiwe sharti la cheo fulani, na mwenzako aliyepanda bila sharti hilo katika taasisi yake ya zamani hana cheo kinacholingana na chako hata kama jina la cheo ni moja. Kama barua fulani imepotea, omba nakala kutoka kwenye jalada lako binafsi kwa maandishi, utaje kumbukumbu namba ya barua ikiwa unaikumbuka. Fanya hivyo mapema, kwa maana majalada ya taasisi iliyofutwa hufungwa kwenye maboksi na kuhamishwa, na yanayohamishwa si yote yanayofika.

Angalia barua ya uhamisho inasema nini kuhusu sababu. Mtu aliyehama kwa maombi yake binafsi na mtu aliyehamishwa kwa manufaa ya umma hawasimami mahali pamoja, na mtu aliyehamishwa kwa nguvu ya sheria ya kuunganisha taasisi yuko mbali zaidi na yule wa kwanza. Kumekuwa na barua za muungano zilizoandikwa kwa kunakili barua za kawaida za uhamisho, zikabaki na maneno “kufuatia maombi yako”. Usikubali maneno hayo yakae kwenye jalada lako. Andika kuomba yarekebishwe hata kama kwa sasa hayakuumizi.

Mambo mawili ambayo watu huyataja kwa kujiamini hayasaidii sana. La kwanza ni kukaimu: miaka uliyokaimu ukuu wa kitengo haikuingizi katika cheo, hata kama kazi uliifanya yote. La pili ni cheo cha madaraka, kwa sababu aliyekuwa mkuu wa sehemu katika Taasisi B anaweza kuwa Daraja la I katika muundo, na tange inahesabu muundo.

Wale waliokwama katika usitishaji wa mwaka 2016 wana jambo lao mahususi. Miaka kadhaa baadaye Serikali iliwapandisha baadhi yao kwa mserereko, yaani iliwapeleka moja kwa moja kwenye cheo ambacho wangekuwa nacho kama wasingecheleweshwa, ikikubali kwamba walichelewa bila kosa lao. Kama ulipata mserereko na mwenzako wa taasisi nyingine alipata cheo kama hicho kabla ya Juni 2016, huwezi kumtangulia kwa hoja ya mserereko pekee, lakini unaweza kuomba kwamba dhidi ya wale waliopanda baada yako kwa taratibu za kawaida, uhesabiwe kwa tarehe uliyostahili. Katika mfano wetu, mtumishi wa kwanza hana hoja dhidi ya wa pili. Dhidi ya mtu wa tatu anayo, na inatosha.

Andika pingamizi

Mwajiri makini hutoa tange ya rasimu, huibandika au kuisambaza, na kutoa muda wa watu kuleta mapingamizi. Asipofanya hivyo, mwombe afanye. Ombi hilo linaweza kupitia tawi la chama chenu cha wafanyakazi au baraza la wafanyakazi, na lina uzito zaidi likipita huko kuliko likiletwa na mtu mmoja. Baraza ni mahali pazuri pa kujadili kigezo. Si mahali pa kujadili nafasi ya mtu mmojammoja, na mwenyekiti mwenye busara atakurudisha ofisi ya utumishi ukijaribu.

Barua ya pingamizi iwe fupi, ipitie kwa mkuu wako wa idara kama taratibu zinavyotaka, na ibaki kwenye tarehe. Mfano wa kiini chake ni huu:

“YAH: PINGAMIZI KUHUSU NAFASI YANGU KATIKA TANGE YA PAMOJA

Tafadhali rejea tange ya watumishi wa kada ya Maafisa iliyotolewa tarehe iliyotajwa hapo juu. Katika tange hiyo nimeonyeshwa kuwa nilipata cheo cha Afisa Mwandamizi tarehe 1 Februari 2019. Barua yangu ya kupandishwa cheo, ambayo nakala yake imeambatishwa, inaonyesha kuwa cheo hicho kilianza tarehe 1 Aprili 2018. Kwa kuwa watumishi wenzangu katika orodha hiyo wamehesabiwa kwa tarehe ya kuanza kwa cheo, naomba tarehe yangu irekebishwe vivyo hivyo na nafasi yangu ipangwe upya. Naomba pia kufahamishwa kwa maandishi uamuzi utakaofikiwa na sababu zake.”

Sentensi ya mwisho ndiyo watu huisahau. Bila uamuzi wa maandishi wenye sababu huna kitu cha kukikatia rufaa, na mazungumzo ya koridoni na mkurugenzi wa utawala, hata yawe ya kirafiki namna gani, hayahesabiki. Hakikisha nakala yako imegongwa mhuri wa masjala wenye tarehe ya kupokelewa.

Ukikataliwa, ni wapi pa kwenda

Watumishi wengi hukimbilia Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, CMA, kwa sababu wameona wenzao wa sekta binafsi wakienda huko na kupata nafuu. Kwa mtumishi wa umma njia hiyo haifai kuwa ya kwanza. Marekebisho ya mwaka 2016 yaliongeza katika Sheria ya Utumishi wa Umma, Sura ya 298, kifungu cha 32A kinachomtaka mtumishi amalize kwanza nafuu zote zilizomo ndani ya sheria hiyo kabla ya kutumia sheria za kazi, na mwaka 2022 Mahakama ya Rufani, katika shauri lililohusu Shirika la Posta, ilisema kwamba CMA haikuwa na mamlaka ya kusikiliza mgogoro wa mtumishi wa umma. Watu wamepoteza miaka kwa kuanzia mlango usio wao. Ukinukuu kifungu chochote, taja pia toleo la sheria unalolitumia, kwa kuwa Toleo la Urekebu la Mwaka 2023, lililoanza kutumika Julai 2025, limepanga upya namba za vifungu katika sheria kadhaa.

Njia sahihi inaanzia kwa mwajiri, na kwa suala la kigezo inaweza kufika kwa Katibu Mkuu, Ofisi ya Rais, anayeshughulikia Menejimenti ya Utumishi wa Umma, ambaye ofisi yake ndiyo inayosimamia miundo na ikama. Kwa mashirika ya umma, nakala ya barua kwa Msajili wa Hazina haina madhara na wakati mwingine inaharakisha majibu. Uamuzi wa mwajiri ukishakuwa mkononi, rufaa inapelekwa Tume ya Utumishi wa Umma, na muda wa kawaida wa kukata rufaa huko ni siku 45 tangu kupokea uamuzi. Zihesabu tangu siku uliyosaini kupokea barua. Usiporidhika na uamuzi wa Tume, ngazi inayofuata ni Rais.

Baada ya hapo ndipo Mahakama Kuu inapokuja, kwa njia ya mapitio ya kimahakama. Maombi ya kibali cha kufungua mapitio hayo yanapaswa kuwasilishwa ndani ya miezi 6 tangu uamuzi unaolalamikiwa, na mahakama haitakupa nafasi namba 4 badala ya 11. Itaangalia kama ulisikilizwa, kama kigezo kilikuwa halali, na kama mwenye kuamua alikuwa na mamlaka, kisha inaweza kulifuta lile lililofanywa na kulirudisha likafanywe upya. Ukifungua madai ya kawaida dhidi ya Serikali, kumbuka notisi ya siku 90 na kumuunganisha Mwanasheria Mkuu. Kwa ugomvi wa tange pekee, mapitio ndiyo yanayofaa. Madai ya kawaida ni ghali, ni marefu, na mara nyingi hayana fidia ya maana ya kudai.

Kwa msomaji aliyeko Kenya, ambako sheria ya mwaka 2013 iliunda KALRO, shirika la utafiti wa kilimo na mifugo, kwa kuunganisha KARI, taasisi ya zamani ya utafiti wa kilimo, na vituo vya utafiti wa kahawa, chai na sukari, na ambako Baraza la Mawaziri liliidhinisha Januari 2025 kuunganishwa kwa mashirika 42 kuwa 20, ngazi ni tofauti: kuna Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi, na haki ya kutendewa haki na vyombo vya utawala imo ndani ya Katiba yenyewe, ibara ya 47. Hoja za kigezo na ulinganifu wa vyeo ni zilezile.

Kuchelewa

Nimekwisha kutaja siku 45 na miezi 6, lakini hata pale ambapo hakuna muda uliowekwa na sheria, tange iliyokaa bila kupingwa huota mizizi. Watu hupandishwa vyeo kwa kuifuata, huchukua mikopo ya nyumba kwa mishahara mipya, wengine hustaafu nayo. Mahakama ya Juu ya India ilisema tangu mwaka 1975 kwamba masuala ya utangulizi kazini yasifufuliwe baada ya kupita miaka mingi, na ni vigumu kumlaumu hakimu wa popote anayesita kuwashusha watu ishirini ili kumpandisha mmoja aliyenyamaza muda wote huo. Kwa hiyo pinga tange ya kwanza, hata kama mwaka huo hakuna nafasi ya kupanda na unaona nafasi yako haikugharimu kitu. Gharama yake utaiona siku ikama inapotoa nafasi mbili za Afisa Mkuu na wewe ni wa tatu. Na kwa kuwa pensheni inakokotolewa kwa mishahara ya miaka ya mwishoni mwa utumishi, cheo kilichochelewa sasa kinaendelea kukupunguzia hata baada ya kustaafu.

Neno kwa anayeandaa tange

Afisa utumishi aliyepewa kazi ya kuunganisha orodha mara nyingi hana adui wala rafiki. Ana tarehe ya mwisho tu. Ushauri wangu kwake ni aandike kigezo kwenye ukurasa mmoja, akipeleke kwenye menejimenti na baraza la wafanyakazi kabla ya kugusa jina lolote, na akifikishe kwa mamlaka ya juu kipate baraka. Afuate na jedwali la ulinganifu wa vyeo, likionyesha kwa kila cheo cha Taasisi A kinalingana na kipi cha Taasisi B na kwa sababu gani. Kwa waliolingana tarehe, aeleze mapema kitakachowatenganisha: tarehe ya cheo kilichotangulia, kisha tarehe ya kuingia katika kada, na mwisho kabisa umri. Wapo wanaopendekeza kupishanisha watu kwa uwiano, watatu wa upande mkubwa kwa mmoja wa upande mdogo. Inaleta amani ya haraka, lakini mtumishi aliyepata cheo mwaka 2012 akiwekwa chini ya wa 2017 kwa sababu ya zamu, hakuna maelezo utakayompa yakamwingia.

Pingamizi likikubaliwa, kazi haijaisha kwa pande zote mbili. Barua ya marekebisho itolewe, tarehe sahihi iingizwe kwenye mfumo wa taarifa za kiutumishi, na nakala iwekwe kwenye jalada binafsi la kila aliyeguswa, pamoja na yule aliyeshuka, ambaye naye ana haki ya kupewa sababu na ya kupinga. Mwaka unaofuata, tange mpya ikitoka, mtumishi aifungue na kuangalia tena mstari wake, kwa sababu waandaaji wengi huanza na faili la kompyuta la mwaka juzi, lile lenye kosa.